Kesi ya deni ina miezi 19 na shahidi mmoja: je, kuchelewa kunaua haki yangu?

Swali, kwa ufupi: "Shikamoo wakili. Mimi ni fundi samani, nina karakana Keko hapa Dar es Salaam. Agosti 2022 nilimkabidhi mwenye hosteli ya wanafunzi vitanda dabo deka na makabati, jumla milioni 78. Alikuwa amenitangulizia milioni 32, zilizobaki milioni 46 akaahidi kulipa ndani ya siku 30. Hajalipa mpaka leo. Kesi ya kwanza iliondolewa mahakamani kwa sababu niliifungua kwa jina la karakana. Ya pili ina miezi 19, nimehudhuria mara 17, na aliyesikilizwa ni mimi peke yangu. Kijana wangu aliyeshusha mzigo na kusainisha delivari amehamia Tunduma. Mbao nilikopa milioni 12, riba asilimia 3 kwa mwezi, naendelea kulipa. Mdaiwa ameshauza Coaster moja na nasikia hosteli inatafutiwa mnunuzi. Hii kuchelewa inaweza kuniharibia kesi yenyewe? Kuna la kufanya, au nisubiri tu?"

Marahaba, fundi. Barua yako nimeisoma mara mbili, na ile orodha ya tarehe zote 17 uliyoambatanisha nimeipitia mstari kwa mstari. Pole sana. Kudai fedha ya jasho lako huku ukifunga karakana kila baada ya wiki tano, kwenda kuambiwa shauri limeahirishwa, kunachosha mwili na kunaondoa imani. Nimekuwa wakili katika jiji hili zaidi ya miaka ishirini na bado sijalizoea.

Nianze na jibu la swali lako la kwanza, kwa sababu najua ndilo linalokukosesha usingizi. Mahakama ikichelewa, haki yako haifi kisheria. Madai uliyofungua ndani ya muda yanabaki hai hata yakikaa miaka. Kinachopungua ni vitu vitatu vinavyoifanya hukumu iwe na faida: ushahidi wako, thamani ya fedha unayodai, na mali ya mdaiwa ambayo siku moja dalali wa mahakama ataifuata. Lakini ukichelewa wewe, hata kwa siku moja katika baadhi ya hatua, kesi yenyewe inaweza kufutwa. Watu wengi huchanganya mambo haya mawili. Wanaiona mahakama inakwenda polepole, nao wanalegea, kisha siku moja wanaamka wamefungiwa mlango.

Nikuonyeshe mfano kwenye kesi yako. Sheria ya Ukomo, Sura ya 89, inatoa miaka 6 kwa madai yanayotokana na mkataba. Mdaiwa alitakiwa kulipa Septemba 2022, kwa hiyo mlango wako uko wazi hadi Septemba 2028. Kesi ya kwanza ilipoondolewa haukupoteza haki, kwa sababu shauri lililoondolewa kwa kasoro linaweza kufunguliwa upya likiwa sahihi, tofauti na shauri lililotupiliwa mbali. Na kasoro yenyewe ilikuwa ya kweli: jina la biashara ulilosajili BRELA, wakala wa usajili wa biashara, si mtu mbele ya sheria, haliwezi kudai kwa niaba yako. Ulipaswa kudai wewe kwa jina lako, ukieleza kwamba unafanya biashara kwa jina lile. Ni kosa la mstari mmoja kwenye hati ya madai, nalo lilikula miezi yako mingi. Makosa ya namna hii mimi huyaita ucheleweshaji unaoanzia ofisini kwetu mawakili, na hatuyasemi vya kutosha.

Sasa tazama upande wa pili. Tuseme siku moja umechoka, hukwenda, wakili wako naye hakufika, na shauri likafutwa kwa kutohudhuria. Hapo una siku 30 za kuomba lirudishwe, na lazima uwe na sababu ya maana. Ukipita hapo, utaanza kuomba nyongeza ya muda, na huko ni kugumu. Katika shauri la Lyamuya Construction dhidi ya Wadhamini wa YWCA Tanzania, Maombi ya Madai Na. 2 ya mwaka 2010, Mahakama ya Rufani iliweka vipimo ambavyo hadi leo kila hakimu anavitumia: mwombaji aeleze kipindi chote cha kuchelewa, ucheleweshaji usiwe wa kupindukia, aonyeshe alikuwa na bidii na si uzembe, au kuwe na sababu nyingine nzito, kwa mfano uamuzi unaopingwa kuwa na kasoro ya kisheria. Na mahakama zetu zimesema tena na tena kwamba hata siku moja ya kuchelewa inatakiwa itolewe maelezo. Hakuna anayekudai maelezo hayo hakimu anapokuwa safarini wiki sita. Wewe utadaiwa.

Kwa hiyo kanuni ya kwanza: usikose tarehe. Hata ile ya kutajwa tu, yaani ya kupanga tarehe nyingine bila kusikiliza mtu, hata ile unayoambiwa na karani kwamba "hakuna kitu leo". Ukiumwa, pata cheti cha hospitali siku hiyohiyo, si wiki inayofuata.

Nirudi kwenye orodha yako, kwa sababu ndiyo iliyonifundisha zaidi kuliko maelezo mengine yote. Nimezigawa tarehe 17 hivi: nne zilikuwa za samansi, utetezi na usuluhishi. Tano hakimu hakuwepo. Nne wakili wa mdaiwa hakufika au alileta taarifa kwamba yuko Mahakama Kuu. Moja jalada halikuonekana. Moja wakili wako hakufika. Moja shahidi wako hakufika. Moja ndiyo ulisikilizwa.

Zile nne za mwanzo usizihesabu kama dhuluma. Mdaiwa ana haki ya kupelekewa samansi na ana siku 21 za kuleta utetezi wa maandishi. Usuluhishi nao ni hatua ya lazima, ulioingizwa kwenye taratibu zetu tangu 1994, na umewekewa kikomo cha siku 30 tangu kikao cha kwanza. Haraka inayoruka hatua hizi huzaa hukumu inayobatilishwa kwenye rufaa. Nimeona mashauri ya ardhi yaliyoanza upya baada ya miaka saba kwa sababu tu maoni ya wazee wa baraza hayakusomwa mbele ya wadaawa, yaani wenye kesi wa pande zote mbili. Nimeona mengine yakirudishwa nyuma kwa sababu hakimu wa pili alipokea jalada kutoka kwa mwenzake aliyehamishwa bila kuandika kwa nini amelipokea. Sentensi mbili tu kwenye mwenendo, yaani kumbukumbu za kesi anazoandika hakimu, zingeokoa miaka ile. Kwa hiyo hakimu wako akihamishwa, na hilo hutokea sana, mwombe wakili wako ahakikishe sababu ya kubadilishana imeandikwa, na kwamba ushahidi ulioutoa unaendelea kutumika.

Tarehe nne za wakili wa mdaiwa ndizo zinazoniuma. Ni kweli kwamba wakili mwenye shauri mahakama ya juu hupewa nafasi ya kwenda huko kwanza, nami nimewahi kuomba hivyo kwa dhati. Lakini Amri ya 17 ya Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai, Sura ya 33, haimpi mtu ahirisho kama njugu. Inataka sababu ya kutosha. Inampa hakimu uwezo wa kumtoza gharama anayeomba. Na inasema usikilizaji ukishaanza uendelee siku hadi siku mpaka mashahidi waliopo wamalizike, isipokuwa hakimu aandike sababu ya kufanya vinginevyo. Wewe ulianza kusikilizwa miezi mitano iliyopita. Je, kuna mahali wakili wako alisimama akapinga? Aliomba gharama za siku hiyo, nauli yako na ya shahidi? Aliomba iandikwe kwamba hilo ni ahirisho la mwisho? Orodha yako haionyeshi. Mdaiwa asiyepingwa hujifunza haraka kwamba kuchelewesha ni bure.

Kuna siku moja siwezi kuisahau. Nilikuwa na mama mmoja, muuza samaki wa jumla, anadai fedha alizomkopesha mwenzake kwa maandishi. Shahidi wake mkuu alikuwa mzee aliyesimamia makubaliano, mwenye kumbukumbu kali ajabu: alikumbuka mpaka rangi ya kalamu. Alikuja mara nne. Mara zote nne amevaa koti lilelile la kijivu, amekaa kwenye benchi la mbao nje ya chumba cha mahakama tangu saa mbili asubuhi, bahasha ya kaki mapajani. Mara zote nne mwenzangu wa upande wa pili hakuwa tayari, na mara mbili kati ya hizo mimi sikupinga kwa nguvu, kwa sababu tulikuwa tunafahamiana na nilidhani wiki nne si kitu. Kabla ya mara ya tano mzee alipata kiharusi, sauti ikaondoka. Tulipata hukumu mwishowe, lakini ya nusu ya fedha, kwa sababu makubaliano ya nyongeza yaliyofanyika kwa mdomo hayakuwa na mtu mwingine wa kuyasema. Yule mama hakunilaumu. Mimi najilaumu, na tangu siku ile kila ahirisho nalipinga, hata kama anayeliomba tunakunywa naye chai.

Ndiyo maana nakuuliza kuhusu kijana wako wa Tunduma kabla ya kitu kingine chochote. Yeye ndiye daraja kati ya karatasi ya delivari na milioni 46. Utetezi wa mdaiwa, kwa jinsi ulivyonieleza, ni kwamba makabati 20 hayakufika. Wewe hukuwepo wakati wa kushusha, ulikuwa Keko. Ushahidi wako kuhusu idadi iliyoshushwa ni wa kusikia. Wake ni wa kuona. Kila mwezi unaopita namba inapungua uzito kichwani mwake, na siku atakapohojiwa na wakili wa mdaiwa "ulihesabu saa ngapi, nani alikuwepo, mliteremsha kwa mlango upi", akisita kidogo tu umepoteza.

Mahakama ina uwezo wa kumsikiliza mapema shahidi anayekaribia kuondoka au mwenye sababu nyingine ya msingi. Na tangu Kanuni za mwaka 2021 za kusikiliza mashauri kwa njia ya mtandao, shahidi anaweza kutoa ushahidi kwa video akiwa mahali pengine, mahakama ikiridhika na utaratibu. Hiyo ina maana kijana wako anaweza kuapa akiwa kwenye mahakama iliyo karibu naye bila kupanda basi la siku nzima na kulala gesti kwa gharama yako, halafu akaambiwa hakimu yuko semina. Wakili wako aombe hilo kwa maandishi sasa, asingoje tarehe ya usikilizaji.

Kuhusu karatasi pia. Uliniandikia kwamba una risiti za EFD, zile za mashine ya kodi, za mbao na boriti. Zitoe leo uzitazame. Karatasi ile huandikwa kwa joto, haina wino, na ikikaa kwenye droo ya karakana yenye jua na vanishi inafifia mpaka inabaki nyeupe. Nimewahi kusimama mbele ya hakimu na karatasi tupu mkononi. Zipige kopi, zipige picha, halafu kopi hizo zihifadhiwe pamoja na halisi. Sheria ya Ushahidi inataka karatasi halisi kwanza, lakini inaruhusu kopi pale halisi inapokuwa imeharibika na ukieleza ilivyoharibika. Kama uliipiga kopi ikiwa bado inasomeka, umejiokoa.

Sasa hesabu. Wengi hawapendi kuifanya kwa sababu inauma, lakini bila hiyo huwezi kuamua vizuri.

Deni lako la mbao la milioni 12 kwa asilimia 3 linakula shilingi 360,000 kila mwezi. Kwa miezi 19 ni shilingi 6,840,000. Upande wa pili, hukumu ikitoka leo, riba ya kisheria juu ya fedha iliyoamriwa ni asilimia 7 kwa mwaka tangu siku ya hukumu mpaka ilipwe. Inaweza kuwa kubwa zaidi, isizidi 12, kama wahusika wamekubaliana kwa maandishi. Asilimia 7 ya milioni 46 ni shilingi 3,220,000 kwa mwaka, yaani kama 268,000 kwa mwezi. Tazama hapo: milioni 46 zako zilizoko kwa mtu zinakuzalishia kidogo kuliko milioni 12 ulizokopa zinavyokutafuna. Na hiyo ni baada ya hukumu. Kwa kipindi cha kabla ya hukumu hupati kitu kama hukuomba riba kwenye hati ya madai na kuonyesha msingi wake. Angalia aya ya mwisho ya hati yako. Kama haimo, marekebisho ya hati yanaombwa kwa idhini ya mahakama, lakini yatamfungulia mdaiwa nafasi ya kujibu tena na yatakula muda. Kwako wewe nisingeyafanya sasa kama kinachokosekana ni riba tu. Ningebana kumaliza.

Kwa mdaiwa hesabu imegeuka. Ana mkopo wa milioni 46 usio na riba, usio na dhamana, na kila ahirisho linaurefusha. Gharama yake ni wakili tu. Ngoja ngoja huumiza matumbo, lakini matumbo yanayoumia hapa ni ya upande mmoja. Ndiyo maana sikubali tunapoambiwa kwamba ucheleweshaji unawaumiza wadaawa wote sawasawa.

Katiba yetu inalifahamu hilo. Ibara ya 107A, iliyoingizwa na mabadiliko ya mwaka 2000, inazitaka mahakama zisicheleweshe haki bila sababu ya msingi, na pia zisifungwe kupita kiasi na masharti ya kiufundi. Mwaka 2018 sheria ya mwenendo wa madai iliongezewa kifungu cha 3A kinachotaka mashauri yaamuliwe kwa haki, kwa haraka, kwa uwiano na kwa gharama nafuu. Sisi wanasheria tunaiita kanuni ya oksijeni, na tulitumaini kwamba mashauri yaliyokuwa yanakata roho kwa kasoro ndogondogo yatapumua. Yamepumua, lakini si yote. Mahakama ya Rufani imekuwa ikikumbusha kwamba kanuni ile haikuletwa kufuta masharti ya lazima. Nadhani wako sahihi, ingawa mstari kati ya sharti la lazima na kasoro ndogo bado unachorwa kila siku, na wateja ndio wanaolipia wino. Jambo jema lililofanyika mapema zaidi ni lile la mwaka 2002, lililozuia rufaa juu ya amri ndogondogo zisizomaliza shauri. Zamani mdaiwa mwenye fedha angeweza kuisimamisha kesi kama yako miaka mitatu kwa rufaa juu ya pingamizi la awali peke yake.

Kuna kipimo kingine cha kukusaidia. Mashauri ya madai hupangiwa mkondo wa kasi wakati wa kikao cha kwanza cha kupanga ratiba: miezi 10, 12, 14 au 24 kufuatana na ugumu wake. Kesi yako ni ya deni la kawaida na inaonekana iliwekwa kwenye mkondo wa miezi 12. Muda huo umepita, na sijaona popote kwamba uliongezwa. Shauri halifi kwa hilo peke yake, ila usimwachie mwenzako aligeuze kuwa pingamizi. Wakili wako aombe ratiba iongezwe kwa maslahi ya haki, aeleze kwamba kuchelewa hakukutoka kwako, na aombe ratiba mpya yenye tarehe za kusikiliza, si za kutajwa. Na Mahakama yenyewe, katika hesabu zake za ndani, shauri lililozidi miezi 12 kwenye mahakama ya wilaya au ya hakimu mkazi huliita mlundikano. Viongozi wa mahakama huulizwa kuhusu mlundikano. Neno hilo litumie.

Litumie wapi? Kwenye barua kwa Hakimu Mfawidhi, yaani hakimu anayesimamia mahakama hiyo. Kwanza nenda masijala, ofisi inayotunza majalada, omba kukagua jalada lako, ulinganishe orodha yako na kilichoandikwa kwenye mwenendo. Huenda siku uliyodhani hakimu hakuwepo imeandikwa kwamba wakili wako ndiye aliyeomba ahirisho. Ni bora ulijue hilo mwenyewe kabla hujaambiwa. Kisha andika ukurasa mmoja: namba ya shauri, tarehe ya kufunguliwa, tarehe ngapi zimepangwa, ngapi zimeshindikana na kwa nini, na unachoomba, ambacho ni tarehe mbili au tatu zinazofuatana za kusikilizwa. Usimtuhumu hakimu. Usiandike neno rushwa kama huna ushahidi wa rushwa, na kama unao, mahali pake ni TAKUKURU na si barua hii. Usiombe abadilishwe hakimu kwa hasira, kwa sababu hakimu mpya ataanza kwa kusoma jalada na utapoteza miezi mingine. Nakala ya barua ipelekwe kwa wakili wa mdaiwa ili isionekane unamzunguka. Barua za aina hii zinafanya kazi kuliko watu wanavyodhani. Wafawidhi wengi ninaowafahamu huzijibu, kwa sababu zinawaonyesha jambo ambalo mafaili mia tatu kabatini hayawaonyeshi.

Sasa ile Coaster, na hosteli inayotafutiwa mnunuzi. Hapa ndipo naona hatari kubwa kuliko zote. Hukumu nzuri dhidi ya mtu asiye na kitu ni karatasi ya kupambia ukuta. Amri ya 36 ya Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai inakuruhusu kuomba mali ikamatwe kabla ya hukumu, au mdaiwa aamriwe kuweka dhamana, kama unaweza kuonyesha kwamba anauza au anaondoa mali kwa nia ya kukwamisha au kuchelewesha utekelezaji wa hukumu itakayotoka. "Nasikia" haitoshi. Tafuta kilichopo: tangazo la kuuza lenye picha, dalali wa nyumba aliyepewa kazi hiyo na yuko tayari kuapa, rekodi ya gari kubadilishwa jina. Hati ya kiapo iwe na tarehe na majina, si uvumi. Mahakama huwa nzito kutoa amri hii, na kwa haki kabisa, maana ni kumfunga mtu mikono kabla hajashindwa. Lakini mara nyingi ombi lenyewe likiwa na ushahidi mzuri humfanya mdaiwa aje mezani, kwa sababu mnunuzi wa hosteli hataki nyumba yenye kesi juu yake.

Akija mezani, usikatae kwa sababu ya hasira. Makubaliano yanaweza kufikiwa hatua yoyote, hata usuluhishi wa mwanzo ulishindikana, na yakisajiliwa mahakamani yanakuwa hukumu ya makubaliano inayokazwa, yaani kutekelezwa kwa nguvu ya mahakama, kama hukumu nyingine. Fanya hesabu ileile: ukisubiri miaka miwili zaidi, riba ya mbao peke yake ni shilingi 8,640,000. Milioni 46 ukiondoa hiyo unabaki na 37,360,000, kabla ya wakili, kabla ya siku ulizofunga karakana, kabla ya hatari ya kupunguziwa yale makabati 20. Kwa hiyo akileta milioni 37 taslimu mwezi huu, mimi ningekushauri uzipokee. Akileta milioni 46 kwa awamu kumi na mbili, ningekuwa mgumu zaidi: ningetaka sehemu kubwa mwanzoni, tarehe za kila awamu, na sharti kwamba akikosa moja deni lote linadaiwa mara moja na unaenda kukazia hukumu bila kesi mpya.

Maswali mengine mawili uliyogusia, kwa haraka. Akishindwa akakata rufaa Mahakama Kuu, ana siku 90, na siku za kusubiri nakala za hukumu hazihesabiwi. Rufaa yenyewe haisimamishi utekelezaji. Ni lazima aombe usimamishwe na aonyeshe sababu, na mahakama inaweza kumtaka dhamana. Kwa hiyo siku ya hukumu omba nakala kwa maandishi siku hiyohiyo, na anza kukaza hukumu usisubiri "tuone kama atakata". Una miaka 12 ya kukaza, ila usijipe hata miezi 12. Na mdaiwa akifariki kabla ya hukumu, jambo ambalo ulilitaja kwa sababu ya umri wake, una siku 90 za kuomba msimamizi wa mirathi aunganishwe kwenye shauri. Mirathi nyingi za hapa jijini zinafunguliwa Temeke, kwenye Kituo Jumuishi, kwa hiyo huko ndiko pa kuulizia. Hizo siku 90 ni zako wewe kuzihesabu, hakuna atakayekukumbusha.

Tarehe yako ijayo uliyoniandikia ni baada ya wiki tatu. Wiki hii nenda masijala ukakague jalada. Wiki ijayo kaa na wakili wako na orodha yako mkononi, muulize kuhusu mkondo wa kasi na kuhusu Amri ya 36, na umwambie wazi kwamba ahirisho lijalo unataka lipingwe. Kama hatakuwa na jibu, una haki ya kubadili wakili, ila fanya hivyo mapema ili mpya asije kuomba ahirisho la kusoma faili. Na kijana wako wa Tunduma mpigie leo jioni, kabla hujalala. Usimfundishe la kusema. Muulize tu anakumbuka nini kuhusu siku ile, alishusha makabati mangapi, nani alisaini, na kama simu aliyokuwa nayo wakati ule bado ina picha alizopiga juu ya lori.